Binti Aliyekataa Kukaa

Wiki iliyopita mmoja wenu ninyi wauguzi vijana, mgeni kule Nyakakika, alinipigia simu. Akaniamkia vizuri, akauliza habari za migomba na za goti langu, halafu akarudia tena habari za migomba. Nikajua ana jambo. Mwisho akasema, "Bibi, leo nimempata binti. Ametoka vitani. Haya mambo nilifundishwa chuoni, lakini nilipomwona nikasahau yote. Mtu anaanzia wapi?"

Nilimjibu kwa ufupi maana binti mwenyewe alikuwa anasubiri. Mpe kiti ambacho akikalia anauona mlango. Mlango usiufunge kwa komeo. Mwambie jina lako na kazi yako, umwambie pia kwamba hapa hakuna wa kumlazimisha kusema. Kisha mpe maji ya kunywa. Nilipokata simu nikaona jibu lile ni kama kumpa mtu jembe bila mpini, ndiyo maana nimekaa kuandika.

Mimi ni muuguzi na mkunga mstaafu. Nimefanya kazi miaka thelathini na ushei, karibu yote huku kwetu, Karagwe na Kyerwa, ambako vita vya majirani havipiganwi lakini watoto wake hutufikia. Kuna mwaka walivuka Mto Kagera umati kwa umati. Siku hizi anakuja mmoja mmoja, nyuma ya pikipiki, kupitia mpaka wa Murongo, na kwa macho ya watu ni msichana tu aliyekuja kumtembelea ndugu.

Nianze na aibu yangu, ili msinione nimezaliwa najua. Wakati ule wa umati nilikuwa kijana, nimevaa gauni jeupe lenye pasi kali, nimekaa kwenye hema na rejista mbele yangu na foleni ndefu. Akaja msichana, kama miaka kumi na mitano. Mama mmoja wa foleni alikuwa ameninong'oneza yaliyompata. Nami, kwa haraka yangu na kwa kujiona nafanya kazi, nikamuuliza kwa sauti ile ile niliyokuwa naulizia homa: "Umebakwa?"

Akaniangalia. Akageuka akaiangalia foleni. Akasema, "Kichwa kinaniuma."

Nikampa vidonge vya kichwa, akaondoka, hakurudi tena. Kwenye rejista niliandika neno moja: kichwa. Nimezalisha wanawake wengi mno baada ya hapo, na sura zao zimenitoka. Ya yule haijanitoka.

Sasa niwaambie habari za mwingine, ambaye kwake nilikosea pia, lakini yeye alinipa nafasi ya kurekebisha. Nitamwita Kavira. Si jina lake. Zoeeni hilo: mtu wa namna hii hata kwenye mazungumzo ya jikoni mpeni jina jingine. Haya ninayoyaandika nimemsomea, na mengine ameniambia niyatoe, nimeyatoa.

Murongo palikuwa na mwenye duka la vitenge, Bi Zuhura. Babu yake alikuja huku kutoka Tanga kufanya biashara, naye alizaliwa hapa hapa, anasema Kinyambo, lugha ya huku, kuliko mimi Mhaya, lakini ukimuuliza kwao wapi atakujibu Tanga, na kwamba yuko njiani kurudi. Alikuwa mrefu, mwenye ulimi usio na breki. Huyu ndiye mwalimu wangu, ingawa hakuwahi kushika sindano ya hospitali. Alikuwa amegundua jambo ambalo sisi wenye vyeti hatukuligundua: mwanamke akiingia zahanati, kila aliye nje anajiuliza anaumwa nini. Akiingia dukani kwa vitenge, hakuna anayejiuliza kitu. Kwa hiyo wenye siri walipita kwake kwanza. Akiona jambo lililomzidi alinipigia simu kwenye kituo changu cha afya na kusema, "Sista Adela, kitenge chako kimefika." Mimi sikuwa nimeagiza kitenge chochote. Nilichukua pikipiki nikaenda.

Siku hiyo, kwenye chumba cha nyuma, nilimkuta msichana wa miaka kumi na sita amesimama kwenye kona. Amejifunga vitenge vitatu, kimoja juu ya kingine, na kulikuwa na joto. Pembeni amekaa mama mmoja niliyemfahamu, Mama Dani, Mkongo aliyeolewa na mtu wa Murongo miaka mingi. Kavira alikuwa mtoto wa dada yake. Kijiji chao huko Kongo, upande wa Kivu, kilivamiwa na watu wenye bunduki. Yeye walimchukua, wakakaa naye msituni siku kadhaa kabla hajatoroka. Wakulima walimwokota njiani, wakamvusha hadi Uganda, na Mama Dani akaenda kumchukua huko. Hayo aliyasema Mama Dani. Binti alikuwa anatazama sakafu.

"Karibu ukae, mwanangu," nikamwambia.

"Hapana, Mama. Nasimama tu."

"Huyu hakai," Mama Dani akasema. "Tangu afike. Hata kula anakula wima. Na kitandani anakojoa kama mtoto mchanga. Nimemwambia, wewe ni mkubwa, acha uvivu, amka uende nje. Wapi! Mume wangu ameanza kunung'unika. Yupo mzee wa Kaisho, mwenye ng'ombe, alikuwa anamtaka, naona bora aolewe tu kabla maneno hayajawa mengi."

Nikaiangalia midomo ya yule binti. Ilikuwa imepasuka kama udongo wa kiangazi.

"Maji unakunywa?"

"Kidogo."

"Kidogo kiasi gani?"

Akafikiri. "Kifuniko cha chupa. Asubuhi."

Hapo ndipo nilipojua. Vitenge vitatu, kusimama, kitanda kilicholowa, na mtu anayejinyima maji. Nawaomba mkumbuke mambo haya manne yakija pamoja. Anayevuja mkojo hudhani akiacha kunywa atakauka. Hakauki. Mkojo unakuwa mkali zaidi, unaichoma ngozi, na harufu inaongezeka, naye anazidi kujinyima.

Bi Zuhura alikuwa mlangoni, na macho yetu yalipokutana alielewa. "Mama Dani," akasema, "njoo huku mbele unishikie upande wa pili wa hiki kitambaa, nimeshindwa kukipima." Mwanamke aliyepima vitambaa miaka arobaini ameshindwa kupima kitambaa! Mama Dani akaenda.

Tulipobaki wawili sikumuuliza kitu. Nilikuwa nimeshajifunza. Nilimwambia, "Nitakueleza ugonjwa mmoja ninaoujua. Ukiona haukuhusu, basi umejifunza tu, utamweleza mwingine." Nikamweleza kwamba kuna wanawake ambao mwili wao uliumizwa ndani, wengine kwa uzazi mgumu, wengine kwa ukatili wa watu, pakabaki tundu dogo mahali pasipotakiwa. Mkojo unapita hapo wenyewe, mchana na usiku, bila kumwomba mtu ruhusa. Si uvivu. Si uchawi. Si adhabu ya Mungu. Unaitwa fistula.

Alikuwa bado anatazama sakafu. "Na hiyo tundu," akasema polepole, "inafanyiwaka nini?"

"Inashonwa. Kuna madaktari wa kazi hiyo Mwanza."

"Ikishonwa, mutu anakuwa mukavu?"

"Utakauka, mwanangu," nikasema. Wekeni alama hapo, nitarudi.

Akauegemea ukuta. Nikamwonyesha kiti tena, akatikisa kichwa. "Nitaloanisha kiti cha watu."

Sikujua Bi Zuhura amerudi mlangoni. Alivuta kitenge kipya kabisa kutoka rafu ya juu, cha bei, chenye gundi yake ya dukani, akakikunja mara nne, akakitandika kwenye kiti. "Kaa," akasema. "Nguo iliumbwa ifuliwe."

Kavira akakaa. Akalia kwa muda mrefu, na sisi wawili hatukumnyamazisha.

Niseme kidogo kuhusu karatasi, maana najua mnaziogopa. Ziko fomu za polisi, liko dawati la jinsia na watoto, uko ustawi wa jamii, na kwa mgeni kuna uhamiaji. Zote ni za lazima na tulizipitia zote. Ila msianze na karatasi. Binti akikufikia ndani ya siku tatu baada ya kuumizwa, kila saa ina maana yake, kwa sababu zipo dawa za kumkinga asipate virusi vya UKIMWI na asipate mimba, na siku hizo zikipita dawa ya virusi haina kazi tena, na ya mimba haivuki siku ya tano. Tibu kwanza, andika baadaye. Kavira alikuwa amechelewa kwa majuma. Tulimpima kila kitu. Mimba haikuwepo, virusi havikuonekana, lakini ilibidi apimwe tena baada ya miezi mitatu, na miezi hiyo mitatu ya kusubiri ni mzigo, msimwambie mtu "usijali". Mwambieni tarehe ya kurudi, na mkae naye siku hiyo. Ngozi yake tuliitibu kwa maji ya chumvi na mafuta ya mgando. Na maji ya kunywa: jagi zima, kila siku. Alinibishia sana kuhusu lile jagi. Bi Zuhura akaliweka juu ya meza ya duka na kumwambia hauzi hata mita moja ya kitambaa mpaka liishe.

Sasa kosa langu.

Nilikuwa nataka barua ya rufaa ya kwenda Mwanza itoke haraka. Nilitaka Mama Dani aache habari za mzee wa Kaisho. Basi siku ya tatu nikamwita kando nikamweleza yote: tundu, msitu, vyote. Sikumwomba Kavira ruhusa. Nilijiambia ni mtoto, na huyu ni mlezi wake. Ni kweli, sheria inamtambua mlezi. Lakini binti alikuwa chumba cha pili, ningeweza kuinua kichwa tu na kumuuliza, "Nimwambie? Nimwambie kipi, nisimwambie kipi?" Sikuinua kichwa.

Mama Dani alilia sana, akajipiga kifua, akaomba msamaha kwa Mungu kwa kumwita mtoto mvivu. Kisha kwa moyo mweupe kabisa akaenda kwenye kikundi chake cha maombi akawaomba wenzake wamwombee mtoto wa dada yake, na akawaeleza wanamwombea nini. Kesho yake asubuhi Kavira alipokwenda bombani na ndoo, wanawake walimpisha. Hawakumtukana. Walimpisha tu, njia nzima, na mmoja akajifunika pua.

Hakurudi na ndoo. Aliiacha pale bombani.

Bi Zuhura alipandwa na hasira nisiyowahi kuiona kwake. Hakutaka hata salamu yangu. "Sista," akasema, "siri ya mtu umeigawa kama njugu msibani. Mimi muuza nguo nimefunga mdomo, wewe mwenye kiapo umefungua. Sasa toka ukamtafute, na usirudi hapa na maneno ya chuoni."

Nilitafuta siku mbili. Nilipitia stendi ya pikipiki pale mpakani, kijana hadi kijana, hadi mwendesha bodaboda mmoja mtu mzima akanikumbuka. "Mkongo, mwembamba? Nilimbeba mpaka Kaisho. Lakini Sista, yule ana shida gani? Amesimama juu ya vyuma vya kukanyagia safari nzima, hataki kugusa siti. Nimemkanya mpaka nimechoka."

Nilimlipa anipeleke alipomshusha. Ulikuwa msimu wa kuchuma kahawa. Nilimpata kwenye shamba la mjane mmoja, kati ya vibarua, ametundika kikapu kiunoni, anachuma. Mimi nimekulia kwenye kahawa, na nilipomwona pale niliielewa akili yake. Kuchuma ni kazi ya kusimama kutwa. Hakuna anayekuambia ukae. Na pembeni ya shamba palikuwa na lundo la maganda yaliyooza, na harufu yake ilifunika harufu nyingine zote. Msichana wa miaka kumi na sita, mgeni, peke yake, alikuwa ameitafuta kazi moja katika wilaya nzima ambayo ingemficha, akaipata.

Aliponiona hakukimbia. Aliendelea kuchuma.

Huku kwetu mwanamke hupiga magoti akimwamkia aliyemzidi. Ni mtoto anayempigia mkubwa, si mkubwa mtoto. Mimi nilikuwa nimeshapita miaka hamsini, na goti hili mnalolisikia lilikuwa limeshaanza. Nikapiga magoti pale pale kwenye majani makavu.

Vibarua wakaacha kuchuma. "Mawe!" mmoja akashangaa, ndiyo "mama wee" ya kwetu.

"Mama, simama," Kavira akasema kwa sauti ya chini. "Batu banaona."

"Waache waone. Nimekukosea. Niliitoa siri yako bila kukuuliza, na haikuwa yangu."

"Kwa nini ulimwambia?"

Nilikuwa na majibu mengi, ya rufaa, ya mlezi, ya sheria. Nikasema, "Nilidhani kusaidia ni kuharakisha."

Akachuma tawi moja mpaka mwisho, punje nyekundu kikapuni, za kijani akaziacha. Niliona hata wakati ule kwamba mkono wake ni wa mtu aliyefundishwa kahawa nyumbani. Kisha akasema, "Ngoja nimalize huu muti."

Nikangoja. Akamaliza ule mti, akamaliza na wa pili, na wa tatu. Nafikiri alikuwa ananipima kama nitamharakisha tena. Nilipojaribu kuinuka goti likagoma, na yeye ndiye aliyenishika mkono akaninyanyua, na kwa mara ya kwanza nikaona meno yake. "Mama, sasa mugonjwa ni nani?"

Alitoa masharti yake tukiwa njiani kurudi, tukitembea kwa miguu sehemu kubwa kwa sababu hakutaka kupanda pikipiki. Hakuna mtu ataambiwa kitu chake kabla yeye hajasema sawa. Hataolewa na mzee wa ng'ombe wala wa mbuzi. Mwanza atakwenda, lakini na Bi Zuhura. Mama mdogo atamsamehe, ila si leo. Niliyaandika yote kwenye faili lake kama nilivyoandika joto na mapigo ya moyo. Na ninyi muandike.

Kwenda Mwanza kutoka huku kwetu ni basi la kutwa nzima, na basi ndilo lililomtisha Kavira kuliko kisu cha daktari. Kukaa mahali pamoja na watu kwa saa zote zile! Nikamfundisha kujikinga kwa nguo na nailoni, nikapanga tukae nyuma karibu na dirisha. Bi Zuhura alisikiliza mipango yangu yote, akasema nzuri, na asubuhi ya safari akaja stendi amejimwagia marashi na kujifukiza udi kiasi kwamba ilifika harufu kabla ya mwili. Kulikuwa na chupa nzima kwenye mtandio wake peke yake. Tulipokaa, abiria wa mbele wakaanza kukohoa. Tulipofika Biharamulo mzee mmoja akageuka, "Jamani mama, hayo manukato yanaua!"

"Nivumilie, mzee wangu," Bi Zuhura akajibu kwa sauti ya basi zima. "Mimi ni mtu wa Tanga. Sisi tukisafiri tunanukia."

Wakamlalamikia yeye mpaka Mwanza. Wakafungua madirisha kwa sababu yake, wakamcheka, konda akamtania. Hakuna hata mmoja aliyemtazama msichana aliyekaa katikati yetu, ambaye kufika Geita alikuwa amelala, kichwa begani kwa yule mama. Nilihudhuria semina nyingi katika utumishi wangu. Hakuna iliyonifundisha kitu kama kile.

Wodini alikuta wanawake kumi na zaidi wenye shida ile ile. Wengi ni wa uzazi, wengine wamevuja miaka mingi kuliko umri wake. Alishangaa. Alikuwa amedhani yuko peke yake duniani. Akafanyiwa upasuaji, akawekewa mpira wa mkojo majuma mawili, akanywa maji bila kusukumwa. Siku ya kutoa mpira nilikuwepo.

Ukavuja tena. Si kama mwanzo, lakini ukavuja.

Akageukia ukutani. Siku ya tatu akasema, bila kugeuka: "Ulisema nitakauka."

Hapo ndipo nilipowaambia nitarudi. Nilisema "utakauka" kwa sababu nilitaka kumwona anafurahi, na hiyo ni ahadi ambayo hata daktari hakuwa nayo. Semeni, "Wengi hupona. Wengine hurudiwa mara mbili, tatu. Nitakuwa nawe mara zote." Ni maneno marefu kidogo, lakini yanabeba uzito wa mtu. Nilimwambia hivyo siku ile, nimechelewa, mgongo wake ukiwa umenielekea. Sijui alisikia kiasi gani.

Daktari akasema lazima ipite miezi mitatu kabla ya kujaribu tena. Tukarudi Murongo, akakaa kwa Bi Zuhura. Miezi ile ndiyo kazi yenyewe, wanangu, na hakuna anayepiga picha wakati wake. Alikuwa akishtuka usingizini. Kuna siku alisikia tairi la lori limepasuka mpakani, akapotea, tukamkuta nyuma ya magunia. Tulijifunza kutomshika kwa nyuma. Tulijifunza kumwita jina kabla ya kuingia chumbani.

Na Mama Dani. Kila asubuhi alikuja kwa mlango wa uani, akachukua vitambaa vya usiku, akavifua, akavianika, akaondoka. Hakuomba kuingia. Hakumwombea mtu kwa sauti. Alifua hivyo kama majuma sita, na Kavira akimwangalia kupitia dirisha. Asubuhi moja akatoka na sabuni, akachuchumaa upande wa pili wa beseni. Tangu siku hiyo walifua wote.

Safari ya pili Mama Dani alikuwemo kwenye basi.

Siku ya kutoa mpira mara ya pili, muuguzi wa wodi alitandika shuka jeupe, Kavira akakaa katikati yake kitandani. Tukasubiri. Saa ikapita. Akaomba maji, akanywa kikombe kizima, akakaa tena. Saa ya pili ikapita. Tulimwambia anaweza kusimama sasa, tuangalie. Akakataa. Yule aliyetoka Kongo akikataa kukaa, sasa alikataa kusimama. Mchana ulipoingia akajisogeza pembeni taratibu, akaweka kiganja pale alipokuwa amekaa, akakipapasa huku na huku.

"Mama mudogo," akasema, "kuja uguse."

Mama Dani akagusa. Bi Zuhura akagusa. Mimi nikagusa. Lilikuwa kavu. Bi Zuhura akarudia kugusa, kama anayepima kitambaa.

Sitawadanganya kwamba yakaishia hapo. Kipimo cha virusi kilirudiwa, hakina kitu, Mungu mkubwa. Lakini wale watu wa msituni hakuna aliyewashitaki. Tuliandika maelezo, tukayapeleka panapohusika, yakapita mpaka mmoja na mwingine. Nilimwambia ukweli kwamba huenda hakuna atakayefika mahakamani. Akasema, "Bale watu hawajui hata jina langu." Nimeifikiria sentensi hiyo miaka kadhaa. Bado anashtuka milango ikigongwa kwa nguvu, na yapo majuma hataki kuona mtu.

Tena kuna jambo la cherehani. Sijui nani aliamua kwamba kila msichana aliyeumizwa duniani ni fundi cherehani! Kavira alipewa moja na wasamaria wema. Alishona blauzi moja, mkono mmoja mrefu kuliko mwenzake, Bi Zuhura akaivaa kwa heshima sokoni mara moja akasema inatosha. Tulipokuja kumuuliza anataka nini, jambo ambalo lingepaswa kuwa la kwanza, alisema kahawa. Baba yake alikuwa na shamba. Sasa yuko Kaisho, anafanya kazi ghala la chama cha msingi cha ushirika, anachambua na kupanga madaraja. Amepanga chumba chake, ana kibali chake cha kuishi nchini. Wakulima wakongwe humpelekea viganja vya kahawa awaambie kasoro, na huwaambia bila kuwaonea haya.

Mwaka jana walikuja wageni na kamera. Walikuwa watu wa adabu, walitaka kutengeneza filamu fupi kuhusu wasichana waliotoka vitani. Mtu aliwaelekeza kwangu, nami nikawapeleka kwa Kavira baada ya yeye kusema sawa, waje. Tulimkuta uwanjani mbele ya ghala, kahawa imeanikwa kwenye maturubai. Wakamwekea kiti kwenye mwanga mzuri, akakaa, akakunja mikono. Dada mmoja akamuuliza kwa upole kama angependa kueleza yaliyompata.

"Hapana," akasema.

"Labda ujumbe kwa wasichana wengine waliopitia mambo kama yako?"

"Hao nitawaambia mwenyewe, wakija. Ninyi muniulize kahawa."

Wakatazamana. Kwa heshima wakamuuliza kahawa. Akaongea karibu nusu saa: jinsi punje iliyoliwa na mdudu inavyoonekana, jinsi ya kujua kwa kuitingisha sikioni kama imekauka mpaka ndani, kwa nini kahawa iliyoanikwa chini kwenye udongo hunywa harufu ya udongo. Mikono yake ilikuwa imekunjuka kabisa. Mpiga picha akaninong'oneza kwamba haya ni mazuri lakini hayatawafaa.

Upande wa Murongo wingu lilikuwa limeshuka, jeusi, na upepo ukaanza kuinua pembe za maturubai. Kavira akasimama katikati ya sentensi. "Mvua," akasema. "Wekeni hivyo vitu ndani, mushike huku."

Wakaweka kamera ghalani, wakashika maturubai.